Mama asipokutambua, mtambue wewe



Ibada ya kwanza ikitoka, uwanja wa kanisa hujaa salamu. Wanakwaya wanakusanya sare zao, watoto wanavuta sketi za mama zao wakitaka vitumbua, na kila mtu anatafuta macho ya mwenzake. Hapo ndipo ugomvi mwingi wa waumini unapoanzia. Fulani amekupita hatua mbili tu, mmetazamana kabisa, na hakusema neno. Wiki nzima unalibeba jambo hilo. Anaringa tangu ajenge. Amelishwa maneno. Ana kitu moyoni. Jumapili inayofuata unahamia benchi la upande wa pili. Kwetu salamu si jambo dogo, na kunyimwa salamu ni kutukanwa kimyakimya.

Leo nakuomba uweke kitu kimoja katikati ya tukio hilo na hukumu yako. Huenda mwenzako alikuona lakini hakukutambua. Kuona na kutambua ni kazi mbili, na ya pili inaweza kuharibika wakati ya kwanza ni nzima kabisa.

Weka kidole kwenye panja lako, kisha ukirudishe nyuma mpaka juu ya sikio. Ndani ya mfupa huo, kila upande wa kichwa, ipo sehemu ya ubongo ambayo madaktari huiita lobu ya tempora. Inahusika na kusikia, na kumbukumbu, na maana ya maneno. Upande wake wa chini, unaokalia sakafu ya fuvu, kuna mkunjo mrefu, mnene katikati na mwembamba kwenye ncha zote mbili, kama muhogo. Mwaka 1997 Nancy Kanwisher na wenzake nchini Marekani walichapisha matokeo ya kuwapima watu kwa mashine ya MRI huku wakionyeshwa picha za nyuso, za nyumba, za mikono na za vitu vya kawaida. Kipande kidogo cha mkunjo huo, hasa upande wa kulia, kilichangamkia nyuso kuliko vitu vingine vyote walivyoonyeshwa.

Kipande hicho hakifanyi kazi peke yake. Kina mwenzake nyuma zaidi ya kichwa anayeshughulika na macho, pua na mdomo. Juu, kwenye mfereji wa lobu hiyohiyo, pana sehemu inayofuatilia vitu vinavyosogea: midomo, macho, hata mwendo wa mtu anayetembea. Mbele, kuelekea ncha ya lobu, uso huunganishwa na yale unayoyajua kuhusu mwenye uso, yaani jina lake, kijiji chake, na hela unayomdai tangu Pasaka.

Mwaka 2012 madaktari wa Chuo Kikuu cha Stanford waliripoti habari ya mgonjwa wa kifafa waliyekuwa wamemwekea nyaya ndogo ndani ya ubongo ili wajue degedege lake linaanzia wapi. Walipopitisha umeme kidogo kwenye mkunjo ule wa nyuso, mgonjwa alishangaa: uso wa daktari aliyesimama mbele yake uligeuka ukawa kama wa mtu mwingine. Vitu vingine vyote vilibaki vilevile. Umeme ulipozimwa, uso ukarudi. Nakuomba ulitafakari hilo kabla hujasema tena kwamba fulani amekupita makusudi.

Jina la hali ya kutotambua nyuso lilitolewa mwaka 1947 na daktari Mjerumani, Joachim Bodamer. Miongoni mwa wagonjwa wake alikuwepo kijana wa miaka 24 aliyepigwa risasi ya kichwa. Kijana huyo aliweza kuona, lakini hakuweza kutambua rafiki zake, wala ndugu zake, wala uso wake mwenyewe kwenye kioo. Bodamer aliiita hali hiyo prosopagnosia, akiunganisha maneno mawili ya Kigiriki: prosopon, uso, na agnosia, kutokujua.

Msomaji wa Biblia anakutana na maneno hayo yote mawili katika barua moja. Prosopon ndilo neno ambalo Paulo analitumia mara mbili katika 1 Wakorintho 13:12, anapozungumzia siku tutakayoonana uso kwa uso. Agnosia analitumia sura mbili mbele, 15:34, akiwaaibisha watu wa Korintho ambao baadhi yao hawakumjua Mungu. Sisemi Paulo alikuwa daktari wa neva. Lakini angalia alivyolipanga wazo lake katika ile sura ya upendo. Kwanza anakiri kwamba kuona kwetu kwa sasa ni kama kutazama kwenye kioo, na vioo vya wakati wake vilikuwa vya madini yaliyosuguliwa, havikuwa safi kama hivi vyetu vya dukani. Kisha anasema kujua kwake ni kwa sehemu tu, wakati yeye mwenyewe amekwisha kujulikana kikamilifu. Anayejulikana hasubiri mpaka na yeye ajue. Nitalirudia hilo nikifika kwa wazee wetu.

Si lazima mtu apigwe risasi. Wapo wanaozaliwa hivyo, na makadirio yanayotajwa mara nyingi ni kama watu wawili katika kila 100. Wengi hawajui kwamba wana tatizo, kwa sababu hawajawahi kuona kwa macho ya mtu mwingine. Wanadhani kila mtu hutambua wenzake kwa sauti, kwa mwendo, kwa nywele, kwa kitenge. Mwenzao akisuka mtindo mpya, amepotea. Wakikutana naye sokoni badala ya kanisani, amepotea. Marehemu Jane Goodall, ambaye Watanzania tunamfahamu kwa kazi yake kule Gombe, Kigoma, tangu mwaka 1960, alikuwa mmoja wao, na aliandika hivyo mwenyewe. Mwanamke aliyeifundisha dunia kwamba kila sokwe ana tabia yake na anastahili jina lake alikuwa akipata taabu kutambua nyuso za binadamu. Inasemekana hata sokwe wenyewe walimsumbua, isipokuwa aliyekuwa na alama yake ya pekee.

Kama kanisa lenu lina waumini 300, fanya hesabu mwenyewe. Huenda mzee wa kanisa asiyekusalimia mpaka uanze wewe ni mmoja wao. Huenda ni binti yule wa kwaya anayeangalia chini kila anapopita katikati ya watu. Anaogopa kusalimia mtu asiyemjua, na anaogopa zaidi kumpita anayemjua.

Upo upofu mwingine ambao si wa kuzaliwa wala wa jeraha, na huu ni wetu sote. Ubongo hujifunza nyuso kwa kuzitazama, na usizozitazama hutazitambua. Tangu mwaka 1969 watafiti wamekuwa wakionyesha kwamba mtu huzitofautisha vizuri zaidi nyuso za watu wa rangi aliyokulia kati yao. Wakorea waliochukuliwa wakiwa watoto na kulelewa na familia za Ufaransa walipopimwa ukubwani, walizitambua nyuso za Kizungu vizuri kuliko za Kiasia. Kwa hiyo mtu anayesema watu wa mahali fulani wanafanana wote anatuambia alikaa na akina nani, basi. Tena huhitaji kwenda Ufaransa. Jiulize kama ungemtambua barabarani, bila sare, mlinzi anayekufungulia geti la kanisa kila Jumapili. Mimi nadhani wengi wetu tungeshindwa, na hapo hatuna daktari wa kumsingizia. Katika Mathayo 25 waliokuwa kuume na waliokuwa kushoto wote waliuliza swali moja: ni lini tulikuona? Hakuna kundi lililokuwa limemtambua. Tofauti ilikuwa katika walichomtendea mtu aliyekuwa mbele yao.

Sasa twende kwa Yusufu, maana habari yake ndiyo inayonisaidia zaidi katika jambo hili.

Mwanzo 42 inasimulia kwamba ndugu zake walipofika Misri kununua nafaka, yeye aliwatambua na wao hawakumtambua. Walimwacha kijana wa miaka 17. Alisimama mbele ya Farao akiwa na miaka 30, ikapita miaka saba ya shibe, kisha njaa ikaanza. Ilikuwa imekwenda miaka 20 hivi. Wao walimwona wakiwa tayari watu wazima, na mtu mzima habadiliki sana. Yeye alikuwa kijana tu, na uso wa ujana si uso wa mtu wa makamo. Juu ya hayo alivaa Kimisri, alikuwa na jina la Kimisri na alisema nao kupitia mkalimani. Zaidi ya yote, hawakutarajia kumwona pale. Ubongo hutegemea sana mahali na mavazi, na kijana waliyemuuza utumwani hakuwa na sababu ya kukaa kwenye kiti cha mtawala.

Yusufu hakuwadai wamtambue. Kweli aliwajaribu kwanza, tena kwa ukali, na mara ya kwanza ilimbidi ageuke pembeni alie. Lakini ilipofika saa ya kujulikana, sura ya 45, aliwatoa watu wengine chumbani, akawatajia jina lake, akawaita wasogee karibu. Walipobaki wameduwaa alilitaja tena, safari hii akiongeza jambo ambalo wao tu na yeye walilijua. Aliyetambua ndiye aliyefanya kazi yote.

Ukishaliona hilo kwa Yusufu utaliona na kwingine. Baba wa mwana mpotevu alimtambua mwanawe angali mbali, umbali ambao uso hausomeki; nadhani aliujua mwendo wake. Maria Magdalena alisimama mbele ya Bwana aliyefufuka akidhani ni mtunza bustani, na Bwana hakumkemea kwa kutomjua. Alimwita kwa jina, na sikio likafanya ambacho jicho lilishindwa. Wale wawili wa njia ya Emau nao walitembea na Bwana wasimjue mpaka alipoumega mkate mezani. Luka anasema macho yao yalizuiwa, na mimi sitaki kuugeuza muujiza kuwa ugonjwa wa neva. Ninachokitazama ni mwenendo wa Yesu. Anayejua ndiye anayesogea.

Nimeyasema haya yote kwa sababu ya barabara moja ambayo wengi wetu tumeacha kuipita, ile ya kwenda nyumbani kwa mzazi asiyetukumbuka tena.

Ugonjwa wa Alzheimer, unaoongoza kwa kuleta usahaulifu mkubwa wa uzeeni, kwa kawaida huanza kuharibu sehemu ya ndani ya lobu hiyohiyo ya tempora. Kwanza zinapotea habari za jana. Kisha majina. Baadaye siku inafika, mtoto aliyesafiri usiku kucha kwa basi anaingia na mfuko wa sukari na kanga mpya, na mama anamtazama kwa adabu zote na kumuuliza yeye ni mgeni kutoka wapi. Maumivu ya hapo hayana maneno. Mtu anarudi mjini na kuwaambia wenzake: sina haja ya kwenda tena, hata hanijui, natuma hela tu.

Mpendwa, nenda. Nina sababu mbili, moja ya maabara na nyingine ya Maandiko.

Mwaka 1985, huko Iowa nchini Marekani, Daniel Tranel na Antonio Damasio waliwapima wagonjwa wawili waliopoteza uwezo wa kutambua nyuso. Walipoonyeshwa picha za watu wao, walisema hawawajui. Lakini kipimo kilichofungwa kwenye ngozi kilionyesha mwili ukishtuka kidogo kwa nyuso walizowahi kuzijua, na si kwa za wageni. Miaka karibu 30 baadaye, mwaka 2014, Tranel huyohuyo na wenzake walichapisha utafiti kuhusu watu wenye Alzheimer. Waliwaonyesha filamu za kuhuzunisha, na wakati mwingine za kufurahisha. Muda mfupi baadaye wagonjwa walikuwa wamesahau mengi waliyoyaona, wengine hata hawakukumbuka kwamba kulikuwa na filamu. Huzuni au furaha yenyewe ilibaki. Walikaa nayo bila kujua imetoka wapi.

Kwa hiyo ukiondoka na mama akasahau ndani ya dakika tano kwamba ulikuja, kitu ulichomletea hakijaondoka nawe. Vivyo hivyo mtu aliyemfokea asubuhi. Mama atasahau maneno, na atashinda na uchungu asioweza kuueleza. Natamani kila anayemuuguza mzee alijue hili, hasa dada wa kazi tunayemwachia mzigo wote na kumlipa kidogo.

Upande wa Maandiko, soma Isaya 49. Nabii anauliza kama mama anaweza kumsahau mtoto wake anayenyonya, na hajibu kwamba haiwezekani. Anakubali kwamba huenda akasahau. Kisha anasema Mungu hatasahau, na kwamba watu wake amewachora viganjani mwake. Zamani nilidhani mstari huo unawasema akina mama wabaya. Siku hizi nikiusoma namwona bibi kwenye mkeka, mwenye mikono safi na moyo safi, ambaye lobu zake zimechoka. Imani yake haikuhifadhiwa humo peke yake. Paulo alikwisha kusema kwamba tunajulikana kabla hatujajua.

Zipo hali ngumu zaidi ya kusahau. Mwaka 1923 daktari Mfaransa Joseph Capgras na mwenzake walieleza habari ya mwanamke aliyesisitiza kwamba watu wake wa karibu wameondolewa na mahali pao wamewekwa wengine wanaofanana nao. Hali hiyo hujitokeza pia kwa baadhi ya wagonjwa wa usahaulifu. Mzee anautambua uso wa mkewe, lakini ule ukunjufu unaoandamana na uso wa mpendwa haupo, basi anaamua kwamba huyu ni mlaghai. Nyumba nyingine zimevunjika hapo. Mwingine ataambiwa ni mizimu. Usibishane na mgonjwa wa namna hiyo, wala usimletee cheti cha ndoa. Toka nje, kaa kidogo, kisha mwite kutoka chumba cha pili. Kuna mgonjwa aliyekana mzazi wake ana kwa ana, lakini alipompigia simu akamkubali bila shida, kwa kuwa sauti hupita njia yake.

Na hapa nawasema watumishi wenzangu waziwazi. Shinyanga na Mwanza zimekwisha kuzika wazee waliouawa kwa kosa la kuwa na macho mekundu. Mzee anayetangatanga usiku na kuwaita watu kwa majina ya marehemu hahitaji mahubiri ya kumsogeza karibu na panga la jirani. Kumwombea ni wajibu. Kumtangaza mbele ya watu kwamba ana pepo la usahaulifu ni dhambi, na ninaiita hivyo bila kusitasita. Mpelekeni hospitali. Usahaulifu mwingine hutokana na upungufu wa vitamini B12, ugonjwa wa tezi ya shingo, maambukizi, sonona au dawa anazomeza, na mengi ya hayo yana tiba. Na mtu aliyekuwa mzima jana akaamka leo hatambui nyuso za watu wa nyumbani mwake, huenda ni kiharusi. Huyo asisubiri ibada ya jioni.

Basi ukienda kwa mama, usianze na ule mtihani wetu wa kizazi na kizazi: "Haya mama, huyu ni nani? Mimi ni nani?" Wajukuu wanacheka, mama anatafuta jibu, anashindwa, na aibu inayobaki ni ileile niliyosema haitoki hata akisahau swali. Fanya kama Yusufu. Kaa mbele yake penye mwanga, mahali anapoona uso wako wote, utoe kofia. Useme: "Shikamoo mama, mimi Neema, mwanao wa tatu, niliyekuwa nachunga mbuzi wa babu." Akikuita kwa jina la dada yake, itika. Siku nyingine atakuita mgeni, nawe kaa kama mgeni aliyekaribishwa vizuri.

Na mnaotumwa na kanisa kuwapelekea wagonjwa Chakula cha Bwana, msiwahi kuondoka. Nyimbo za zamani mara nyingi hubaki baada ya majina kwisha. Chagueni mmoja alioujua tangu shule ya Jumapili, na msimuulize kama anaukumbuka. Anzeni tu ubeti wa kwanza, taratibu, kisha nyamazeni kidogo kabla ya kiitikio.